Mwalimu Akidai Mshahara Wake kwa Zuzi

Katika mji wetu wa Kalemie liko neno moja ambalo walimu hulitaja kwa sauti ya chini, kana kwamba ni tusi. Neno lenyewe ni kushitaki. Mwalimu atakopa unga kwa jirani, atakopa mafuta, atamwomba mwenye nyumba amvumilie mwezi mwingine, atauza hata baisikeli yake. Lakini ukimwambia aende kwa zuzi kumshitaki yule anayeuzuia mshahara wake, atakutazama kama mtu aliyeambiwa ampige baba yake mzazi. Nimeliona jambo hili mara nyingi, na ndilo lililonifanya nishike kalamu.

Mimi nimeshika chaki miaka 34, kwanza katika vijiji vya upande wa Nyunzu, halafu hapa mjini. Sikusomea sheria. Lakini kwa kuwa mwandiko wangu wasomeka, na kwa kuwa ninacho kitabu cha sheria ya kazi ambacho shemeji yangu aliniletea kutoka Lubumbashi, wenzangu huja kwangu jioni kuniomba niwaandikie barua. Wake zao nao huja, tena wana ujasiri kuliko waume. Siku moja mama mmoja, muuza ndagala, aliniuliza swali ambalo halijibiwi kwa haraka: “Papa Mwalimu, mume wangu akimpeleka mwenye shule kwa zuzi, Jumapili ataweza kupokea Komunyo pamoja naye?” Maana mwenye shule huyo ni mkristo mwenzetu, na hukaa benchi ya mbele.

Kabla ya swali lake yafaa tuelewane juu ya mshahara wenyewe, kwani watu husema “walimu hawalipwi” kana kwamba walimu wote ni kundi moja. Yuko mwalimu wa serikali mwenye namba yake, yaani matrikile, ambaye jina lake liko katika listi ya Kinshasa. Huyu hulipwa, kidogo na kwa kuchelewa, lakini hulipwa. Yuko mwenzake aliyekuwa katika listi hiyo, na mwezi mmoja jina likapotea, wala hakuna awezaye kumweleza limekwenda wapi. Yuko yule afundishaye darasa lile lile, saa zile zile, katika shule iliyokubaliwa na serikali kwa barua yenye muhuri, lakini hajaingizwa katika listi bado. Huyo huitwa kwa herufi mbili tu, NP, maana yake asiyelipwa. Hebu fikirini, mtu kuitwa kwa kile asichopata! Halafu yuko mwalimu wa shule ya mtu binafsi, ambaye hulipwa, au halipwi, kutoka katika karo ya wazazi. Wote wanne waweza kupanga katika nyumba moja pale Kataki na kula mboga za sufuria moja, na kila mmoja mlango wake wa kudai haki ni mwingine.

Mambo haya hayakuanza jana. Mwaka 1974 serikali ya Mobutu ilizitwaa shule za misheni. Miaka mitatu baadaye, tarehe 26 Februari 1977, ilipatana na makanisa na kuyarudishia uongozi wa shule hizo. Kanisa litaongoza, serikali italipa walimu. Ndiyo maana mpaka leo shule ya parokia ni ya Kanisa kwa jina na kwa desturi, lakini mwalimu wake ni mtu wa serikali kwa mfuko. Miaka ya 1990 ilipofika, fedha ya nchi ikaharibika, mshahara wa serikali ukawa hautoshi hata sabuni, na wazazi wakaanza kuchanga ili walimu wasiondoke darasani. Mchango huo ulisemwa kuwa wa muda. Ulikaa zaidi ya miaka 25. Wazazi maskini ndio waliozibeba shule za nchi hii mabegani, na sijaona sanamu yao mahali popote.

Septemba 2019 elimu ya msingi katika shule za serikali, pamoja na shule za mapatano, ikawa bure, kama ilivyoandikwa katika Katiba ya 2006. Ni jambo jema, wala simwungi mkono yeyote anayetaka tulirudie la zamani. Watoto waliokuwa wakiuza karanga njiani waliingia darasani, hata madawati yakapungua. Lakini yule NP, ambaye mchango wa wazazi ndio uliokuwa mshahara wake wote, aliamka asubuhi akiwa na wanafunzi wengi zaidi na mfuko mtupu. Katika miaka iliyofuata serikali iliingiza wengi katika listi, si wote. Oktoba 2021 walimu wa shule za kikatoliki waligoma mwanzoni mwa mwaka wa masomo, na huko Kinshasa watoto wenye sare zao waliingia mpaka ndani ya jengo la Bunge, wakitaka walimu wao warudi darasani. Mtoto wa miaka 10 kwenda kudai kwa wabunge! Wengine walicheka walipoona picha zile. Mimi sikucheka.

Sasa niwasimulie habari ya mume wa yule mama. Walikuwa walimu wanne katika shule ya mtu binafsi hapa mjini. Jina la shule halina kazi hapa. Kwa miezi mitano hawakupata kitu, isipokuwa mfuko wa unga na franka kidogo za Noeli. Kila mara mwenye shule alisema kwamba wazazi hawajalipa karo. Baadhi yao hawakulipa kweli, kwani maji ya ziwa yalikuwa yamepanda na kuingia katika nyumba nyingi karibu na pwani, na watu walikuwa na shida zao. Lakini walimu wenyewe ndio waliosimamishwa mlangoni Jumatatu asubuhi ili kuwarudisha nyumbani watoto wasio na risiti. Waliijua idadi ya risiti. Na nyuma ya shule matofali yalikuwa yakipanda, chumba kipya, halafu cha pili, halafu mbao za paa.

Tulikaa kwangu chini ya mwembe, sisi watano na yule mama. Mmoja kati ya wanne ni katekista, kijana mpole, naye alikataa kabisa habari ya zuzi. Alitukumbusha kwamba Mtume Paulo aliwakemea Wakorinto kwa kushitakiana, ndugu na ndugu, mbele ya waamuzi wasioamini. Neno hilo ni zito, wala sitaki kulipunguza. Nilimwomba tu asome pia sababu yake. Paulo alisikitika kwamba kati yao hakuonekana mwenye hekima hata mmoja wa kuamua neno la ndugu. Na pale pale anawalaumu wale wanaowadhulumu ndugu zao. Basi kama sisi wakristo wa Kalemie tungekuwa na baraza la kumwambia mwenye shule, “Baba, lipa,” naye akalipa, ningekuwa wa kwanza kufunga kitabu changu cha sheria. Baraza hilo hatuna. Wazee wawili wa parokia walikwenda kwake, wakanyweshwa chai, wakarudi na salamu. Tena Paulo yule yule, alipoona wataka kumrudisha Yerusalemu mikononi mwa adui zake, alisimama mbele ya liwali akadai ahukumiwe na Kaisari. Hakuona aibu kuitumia sheria ya serikali iliyokuwa haki yake.

Na juu ya ujira Maandiko hayana maneno mawili. Sheria ya Musa yaagiza maskini apewe malipo yake kabla jua halijachwa, kwa sababu roho yake inayategemea. Mtakatifu Yakobo aufananisha ujira uliozuiwa na mtu anayepiga kelele mpaka Mungu asikie. Katekisimu yaiweka dhambi hii katika zile zinazolia mbinguni, pamoja na kuua mtu. Papa Leo XIII alifundisha hayo kwa nguvu katika barua yake Rerum Novarum ya mwaka 1891. Mwishoni mwa mwaka ule ule Kapteni Jacques, Mbelgiji, alianza kujenga boma katika ufuko wetu huu ili kupigana na wauza watumwa, akaliita Albertville, jina ambalo mji huu ulilichukua kwa miaka mingi. Nayataja haya mawili pamoja kwa sababu mtu anayefanya kazi miezi mitano bila malipo, na kuogopa kuuliza, babu zetu walikuwa na jina lake.

Nilimjibu yule mama kwamba mwenye kuwaza juu ya Komunyo ni yule anayeshika mshahara wa watu, si yule anayeudai. Padri wetu alipoulizwa alisema vile vile, ingawa kwa upole kuliko mimi.

Hapo ndipo nilipofungua kile kitabu. Jambo ambalo walimu wengi hawalijui ni hili: sheria ya kazi ya Kongo, ile ya tarehe 16 Oktoba 2002, haimruhusu mfanyakazi kukimbilia tribinali moja kwa moja. Lazima kwanza apite kwa inspekta wa kazi, naye aziite pande zote mbili zipatane. Wakipatana, inspekta huandika mapatano yao; wasipopatana, huandika kwamba wameshindwa, na karatasi hiyo ndiyo inayofungua mlango wa tribinali. Mwaona jinsi inavyofanana na agizo la Bwana wetu katika Injili ya Mathayo, la kumwendea ndugu yako kwanza peke yako, halafu pamoja na mashahidi, ndipo mbele ya wote. Nilipomwonyesha katekista ukurasa huo alinyamaza kitambo, kisha akauliza ofisi ya inspekta hufunguliwa saa ngapi.

Tulianza kwa barua kwa mwenye shule, yenye heshima, iliyotaja kila mwezi na kiasi chake. Karani wa shule alitia sahihi na tarehe juu ya nakala yetu. Nasisitiza nakala, kwa kuwa mwalimu hodari wa kusahihisha daftari 60 usiku mmoja aweza kupeleka barua ya maana kuliko zote maishani mwake bila kubaki na kipande cha karatasi mkononi. Jibu halikuja.

Shida ya kwanza ilikuwa ushahidi. Katika wanne hao, mmoja tu alikuwa na karatasi ya mkataba. Wengine waliajiriwa kwa kushikana mikono baada ya Misa, na walidhani hiyo ndiyo mwisho wa maneno. Kumbe sheria haimwui mfanyakazi kwa kukosa karatasi. Mkataba usipoandikwa, yeye aweza kuonyesha kwa njia yoyote ya haki kwamba alifanya kazi na kwa malipo gani. Basi tukakusanya. Ratiba ya masomo iliyotiwa sahihi na direkta. Madaftari ya maandalio ambayo direkta alikuwa akiyapiga muhuri kila juma. Madaftari ya watoto yenye wino mwekundu na tarehe, mwezi kwa mwezi. Wazazi waliyatoa kwa moyo mweupe, hata mmoja ambaye kweli alikuwa na deni la karo. Na juu ya kiasi cha mshahara, mwalimu wa darasa la nne alikuwa na bahasha zote za miaka miwili iliyotangulia, zenye jina lake na hesabu kwa mwandiko wa karani. Si yeye aliyezitunza. Mkewe, yule mama, alikuwa akiziandikia hesabu za ndagala upande wa nyuma, na hakutupa hata moja. Inspekta alizigeuza bahasha zile upande mmoja na wa pili, akacheka, akasema ni kitabu cha hesabu safi kuliko vingi anavyoletewa.

Mwenye shule hakuja mwito wa kwanza. Wa pili alikuja. Alinisalimu mimi kabla ya wote, akaniambia, “Mwalimu, hawa ni watoto wangu. Niliwapa kazi walipokuwa hawana kitu. Leo wananileta hapa kama mwizi?” Nataka niwe wa haki kwake. Aliianza shule yake kwa vyumba viwili vya udongo, katika miaka ya vita, wakati wengi walikuwa wakikimbia, na watoto wengi wa mtaa ule walijua kusoma kwa ajili yake. Aliumia kweli. Lakini kuumia kwake hakukuwa jibu. Katika sheria yetu mshahara hauwezi kupita mwezi mmoja bila kulipwa, na sheria haiulizi kama mwajiri ni mtu mwema. Yeye aliona mshahara kuwa ni zawadi ya baba kwa watoto, ambayo baba huitoa akiwa nayo, na watoto wenye adabu hungoja. Nimelifikiri sana jambo hili, na naona ndilo linalotufunga sisi walimu kuliko kukosa avoka. Tumelelewa kuwaita wakubwa wetu baba. Ni vema. Ila baba hatoi risiti, wala mtoto hapewi mkataba.

Inspekta alimwuliza neno moja tu: kitabu cha karo kiko wapi? Alikileta baada ya juma zima. Wazazi waliokuwa wamelipa walikuwa wengi, wakatosha kwa mishahara yote, na kubaki.

Wawili katika walimu walikubali kulipwa kwa mafungu matatu. Walipata la kwanza na la pili. La tatu lilikuja nusu. Wawili waliobaki, yaani katekista na mume wa yule mama, walifika shuleni Jumatatu iliyofuata wakakuta mlinzi ameambiwa asiwafungulie. Kwa hao mapatano yalikufa pale mlangoni. Inspekta akaandika kwamba imeshindikana, na kesi ikaenda mbele. Mahali ambapo tribinali ya kazi haijawekwa, mahakama kuu ya wilaya ndiyo isikilizayo, na mtu wa sindika alikaa pamoja nao ili wasisimame peke yao.

Sitawachosha kwa habari ya mahakamani, kwa sababu sehemu kubwa yake ni kungoja. Waliahirishwa mara tisa. Mara avoka wa upande wa pili alikuwa safarini, mara zuzi mwenyewe, mara karatasi moja haikuonekana. Kila siku ya kuahirishwa ilikuwa siku ya kibarua iliyopotea, kwani walikuwa wakibeba mizigo bandarini ili watoto wale. Baada ya miezi 14 amri ilitoka: walipwe miezi yao mitano, pamoja na fidia kwa kufukuzwa bila sababu. Katekista alilia. Mimi nilikuwa nimekaa nyuma, na nilimsikia mwanamke mmoja akiuliza kama mtu huyo amefungwa.

Lakini amri ya zuzi haiendi kwa miguu yake. Lazima nakala yake itolewe, mjumbe wa mahakama aipeleke, na hatua hizo zina gharama; na mdaiwa asipotii, waingie katika kazi nyingine ya kukamata mali. Nimeona watu wakishika hukumu nzuri yenye mihuri mitatu, wameitia katika plastiki, na nyumbani hakuna chumvi. Hawa wawili sindika iliwakopesha gharama. Walipoona mjumbe wa mahakama anahesabu mabati ya chumba kipya, fedha zikaanza kupatikana, kidogo kidogo, kila mwezi. Dawa ya deni ni kulipa, wala si mwenye deni peke yake aijuaye dawa hiyo. Katekista hakungoja mwisho. Alikwenda Manono kuchimba madini pamoja na vijana wengine, na sehemu yake huipokea mama yake. Mji umepoteza mwalimu aliyejua kumfundisha mtoto kusoma kwa miezi minne.

Hayo ni ya mwenye shule binafsi. Yeye ana nyumba, ana mabati, na zuzi aweza kumfikia. Je, mwenye deni akiwa serikali?

Hapo njia ni nyingine. Mwalimu wa matrikile si mtu wa inspekta wa kazi. Ni mtumishi wa umma. Humwandikia kwanza mkubwa wake kudai haki yake, na akikataliwa au akinyamaziwa, mlango wake ni mahakama zinazoamua kati ya raia na utawala, ambazo juu yake liko Baraza la Serikali huko Kinshasa, lililoanza kazi mwaka 2018. Kutoka Kalemie kwenda Kinshasa ni ndege, na nauli ya ndege hupita mishahara ya miezi mingi. Tena mwalimu hajui amshitaki nani. Fedha hutoka hazina. Idara ya malipo huandika listi. Benki hulipa, tangu mpango wa benki ulipoanza 2011. Na pasipo benki Caritas imebeba mzigo huo mahali pengi. Kila mmoja humwonyesha mwenzake kwa kidole. Mzee Cameron alipopita hapa mwaka 1874 aliona Lukuga ndiyo njia ya maji ya ziwa letu kutoka. Stanley alikuja 1876 akakuta njia imezibwa kwa matope na matete. Wote wawili hawakusema uongo, maana miaka michache baadaye maji yalipasua yakapita. Mshahara wa serikali nao hutoka Kinshasa kweli, na mwalimu wa Bendera haoni kitu, na mwenye kujua palipoziba hasemi.

Mwaka 2021 mahakama ya Kinshasa iliwahukumu wakubwa wawili wa masomo, mmoja wao akiwa mkuu wa idara ile ya malipo ya walimu, miaka 20 kila mmoja kwa kosa la kula mali ya umma. Watu hapa walishangilia. Mimi naona ni haki mwizi ahukumiwe, lakini kesi ile haikuweka jina la mwalimu hata mmoja katika listi.

Wenzetu wa Kenya wana sindika zenye nguvu kuliko zetu, nao wameona mambo. Tarehe 30 Juni 2015 mahakama ya kazi ya Nairobi iliamuru walimu waongezwe mshahara kwa asilimia 50 hadi 60. Serikali haikulipa, walimu wakagoma Septemba, wakanyimwa mshahara wa mwezi huo, sindika zikarudi kwa zuzi kuudai. Na tarehe 6 Novemba mwaka ule mahakama ya rufani ikaifuta ile nyongeza yote. Hata hivyo siwahesabu kuwa walishindwa tu. Walikuwa na mwajiri mmoja mwenye jina, tume inayojulikana mlango wake, na walisimama mbele ya zuzi kama kundi, si mmoja mmoja kwa siri kama sisi.

Kwa NP neno ni gumu zaidi, nami simdanganyi anijiapo. Ana barua ya kuajiriwa, ana darasa, lakini hana matrikile, na serikali husema haina deni kwa mtu isiyemjua. Katiba yetu, kifungu cha 36, yasema kazi istahili malipo ya haki yanayomtosha mtu na jamaa yake. Sijaona bado NP wa Kalemie aliyesimama mbele ya zuzi na kifungu hicho mkononi. Natamani kumwona, na barua yake nitaiandika bure.

Wala haifai sisi wa shule za Kanisa tujifiche nyuma ya mapatano ya 1977. Mwalimu wa serikali, deni lake ni la serikali, na si haki kumrushia direkta au padri maneno kwa fedha ambazo hazikufika. Lakini mlinzi wa usiku, mama wa shule ya watoto wadogo, kijana anayefundisha hesabu katika sekondari kwa fedha za wazazi, hao ni watu wetu sisi. Wakikaa miezi mitatu bila kitu, Kinshasa haihusiki. Na yeyote kati yao akienda kwa inspekta, asionyeshwe kidole kanisani.

Jambo la mwisho nililo nalo mezani ni la mwalimu mmoja wa matrikile, mwenye miaka 19 ya kazi, ambaye jina lake lilipotea katika listi. Tuliandika, tukaambatanisha nakala ya namba yake, vipande vya malipo ya benki, na ushuhuda wa direkta kwamba hakukosa kazini hata siku moja. Baada ya miezi saba jina likarudi, bila neno la maelezo, kama mbuzi aliyepotea akionekana amelala mlangoni. Tangu hapo analipwa. Miezi ile saba haikulipwa, na ofisi moja ilimwambia ashukuru kwamba amerudishwa. Juma lililopita tumeandika barua ya tatu, tukaitaja kila miezi kwa jina lake, kuanzia Machi. Imepokelewa na kugongwa muhuri. Nakala moja iko sandukuni kwangu, ya pili anayo mwenyewe, na ya tatu tumempa yule mtu wa sindika.